Fomu Iliyopanda Miraa

Saa mbili asubuhi Makandi alikuwa bado na saini ishirini na moja za kutafuta, na ofisi ya tume ya uchaguzi ingefunga saa kumi. Akizikosa, Mwalimu Beverlyne asingekuwa mgombea huru, na wadi ingebaki na yule diwani wa kuahidi maji ya mfereji kila uchaguzi. Makandi alikuwa fundi cherehani wa Nkubu aliyeolewa Laare majuzi. Miezi minane ya kuteka maji mtoni bondeni ilitosha kumfanya ajitolee kumtafutia mwalimu saini.

Shambani kwa mzee Muthamia aliwakuta wanaume wote juu ya miti ya miraa, wakichuma. Siku ya mavuno hakuna anayeshuka, kwa maana gari la Nairobi halimngoji mtu. Basi maji ukiyavulia nguo, yaoge! Makandi akavua viatu, akakanyaga shina.

Shamba zima lilipiga kelele. Huko ni mwiko mwanamke kupanda mti wa miraa, na kwao Nkubu hakuna aliyewahi kumwambia.

"Wee mama, shuka!" Muthamia alifoka. "Unataka tuharibikiwe na mavuno?"

Makandi alishuka akiwaka kwa aibu, lakini hakuondoka. "Pole mzee, sikujua. Mimi sipandi tena. Lakini hii fomu je? Fomu nayo ni mwanamke?"

Huko juu mtu mmoja akaangua kicheko, kisha wote. Muthamia akateremsha kamba ya mgomba. "Funga hiyo kitu hapo. Na biro. Si ati nimekubali, nataka kusoma tu."

Fomu ikapaa. Ilikwenda mti kwa mti, ikaruka ua hadi kwa jirani, Makandi akiifuata kwa miguu huku chini na kupaza sauti, "Namba ya kitambulisho, msisahau!" Ilirudi imeviringishwa kwenye jani la mgomba, sawasawa na miraa ya kwenda sokoni. Akahesabu. Ishirini. Akahesabu tena. Ishirini vilevile.

Mara akasikia matawi yakilia. Muthamia alikuwa anashuka, mavuno yakiwa hayajafika nusu. Alijipangusa mikono kwenye suruali, akachukua biro.

"Mama watoto amebeba maji ya ule mto miaka thelathini," alisema. "Hii yangu naandikia chini."

Makandi alicheka huku machozi yakimtoka.

Saa tisa unusu karani aligonga muhuri, akauliza mbona fomu ina utomvu.

"Ilikuwa kazini," Makandi akamjibu.