Mwiba Kooni mwa Philomène

Philomène alimeza ule mwiba kwa sababu ya maneno ya mumewe, wala si kwa pupa. Jambo hilo alilikazia baadaye kwa kila aliyemuuliza, maana mwaka ule mji mzima wa Likasi ulikuwa na njaa, na watu walikuwa wepesi kudhani kwamba aliyekwamwa na mwiba ni mtu aliyefakamia chakula. Yeye alizaliwa Kapolowe, kando ya maji. Alijua kula samaki kabla hajajua kusoma, na ulimi wake ulitenga nyama na miiba bila hata yeye kufikiri.

Jioni hiyo Damas alirudi na samaki wawili waliofungwa kwenye majani. Kiwanda alichofanyia kazi kilikuwa kimenyamaza. Wanaume walikwenda getini asubuhi, wakakaa, wakarudi. Samaki hao alipewa na dereva mmoja rafiki yake. Philomène aliwakaanga kwa mafuta kidogo ya mawese, akasonga bukari ya unga wa mahindi, akawagawia watoto vipande vya tumboni ambako miiba ni michache, wakakaa kula. Ilikuwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu nyumba yao kunukia hivyo.

Damas alimega bukari, akaichovya, akasema bila kuinua macho, "Kesho tunahama. Ku kazi banatupatia nyumba ya Germain."

Germain alikuwa jirani yao, ukuta kwa ukuta, na msimamizi wa Damas kazini. Nyumba yake ilikuwa na chumba kimoja zaidi na bomba ndani. Alizaliwa papa hapa Likasi, lakini babu yake alitoka jimbo la Kasai, na mwaka huo hilo lilitosha mtu kufukuzwa mjini. Wiki chache kabla ya jioni hiyo, vijana wa mtaa walikuja mchana na fimbo na mapanga, wakaipa familia yake muda wa kubeba walichoweza. Danielle, mke wa Germain, alitoka na godoro kichwani na mwanawe Guy mkononi. Danielle huyo ndiye aliyemzalisha Philomène mtoto wa pili, usiku ambao gari la wagonjwa halikufika. Siku walipofukuzwa, Damas alifunga mlango kwa komeo, na Philomène akasimama nyuma ya pazia mpaka kelele zikaisha.

Aliposikia maneno ya mumewe alifungua mdomo kumjibu, na samaki akiwa bado mdomoni. "Weye, Damas..." Neno la tatu halikutoka. Kitu kilimchoma nyuma ya ulimi, ndani kabisa, kikazama.

Alikohoa mpaka machozi yakamtoka. Damas alimpiga mgongoni. Chérie, binti yao mkubwa, alimletea maji. Yakapita, lakini yalipopita yaliuma. Wakampa tonge la bukari alimeze bila kutafuna, ndivyo watu wote wanavyofanya, akameza moja, akameza la pili, na kila tonge lilikuwa kama nyundo juu ya msumari. Jirani wa upande wa pili akaleta ndimu akisema maji yake yanalainisha mwiba. Ndimu ilimuunguza tu. Kufikia asubuhi hakuweza kumeza hata mate. Alikuwa akiyatemea kwenye kitambaa.

Na kwa kuwa hakuweza kusema, walihama.

Damas alihamisha kitanda, meza, masufuria na magunia ya makaa, huku mkewe amekaa kizingitini akitikisa kichwa. Alitikisa kichwa kila alipopita mbele yake. Mwishowe Damas aliweka chini kiti alichobeba, akachuchumaa mbele yake.

"Mama Chérie, sikia. Kama si siye, batamupatia muntu mwengine. Germain hatarudia. Unafikiri minye niko na furaha?" Akangoja, kana kwamba angejibiwa. "Utanigombeza ukipona."

Usiku huo walilala katika chumba cha Germain na Danielle. Ukutani palibaki mraba mweupe pale ilipokuwa picha ya Bikira Maria. Philomène aliutazama ule mraba, shingo yake ikizidi kuvimba, homa ikipanda.

Homa ilipozidi walikwenda hospitali. Korido zilikuwa na harufu ya mkojo na mwanga hafifu. Muuguzi aitwaye Rosalie, mama wa makamo mwenye koti lililofuliwa mpaka likawa la kijivu, alimwambia afungue mdomo, akachungulia, akabonyeza shingo. Philomène akaguna.

"Muiba iko chini sana," Rosalie alimwambia Damas. "Na pale pako moto. Iko naanza kuoza. Hapa hakuna muntu wa kuitosha, wa kuivuta inje."

"Munganga ya koo iko wapi?"

Rosalie alitazama mlangoni kwanza. "Docteur Nicolas? Muntu ya Kasai ule. Iko ku gare, kule stesheni, na bengine benye kufukuzwa. Kama treni haiyamubeba bado."

Damas alisimama akipapasa kofia yake. Philomène alimwona anavyofikiri. Alikuwa akiwafikiria vijana wa mtaa, ambao wangemwona akienda kuomba msaada kwa watu waliofukuzwa. Na alikuwa akimfikiria Germain. "Labda tungoje," alisema. "Labda Lubumbashi..."

Philomène alijifunga kitenge vizuri kiunoni, akatoka. Alitembea bila kugeuka, akijishika shingo kama mtu anayebeba yai, na mumewe akamfuata kwa mbali. Walipofika karibu na reli Damas alisimama chini ya ukuta wa bohari.

"Minye nitangojea hapa," alisema.

Philomène alikuwa amesikia habari za stesheni lakini hakuwahi kwenda kuona. Watu walikuwa wamejaa kuanzia jukwaani hadi mbali kwenye majani, chini ya vipande vya plastiki na mashuka, wakingoja treni ya kuwapeleka Kasai, nchi ambayo wengi wao hawajaitia machoni. Kila familia ilijizungushia mali yake: cherehani, kabati lisilo na milango, kuku wamefungwa miguu. Moshi wa makaa na harufu ya vyoo vilivyofurika vilimkaba zaidi ya ule mwiba. Ng'ambo ya reli, kando ya kichaka, palikuwa na vichuguu vidogo vya udongo mpya, na alijua ni vya nini.

Hakuweza kuita jina la mtu. Aliinama mbele ya wanawake mmoja mmoja, akionyesha koo lake, akichora hewani miwani na sindano ili waelewe anamtafuta daktari. Wengine walimtazama tu. Mmoja alimsonya, alimjua kwa sura kwamba ni wa mjini, wa wale waliobaki.

"Mama Chérie!"

Danielle alikuwa amekonda hata shingo yake imerefuka. Alimshika Philomène mabega, akamwona ule uvimbe na kitambaa cha mate, na hakuuliza mara mbili. "Muiba? Ya samaki? Yesu wangu. Kuya, kuya." Akamvuta kati ya watu mpaka kwenye turubai ambapo mwanamume mwembamba, mwenye shati lililofungwa vifungo vyote, alikuwa akimfunga bendeji mzee mmoja. Huyo ndiye Docteur Nicolas.

Daktari alikuwa ameokoa mkoba wake mmoja tu. Alimkalisha Philomène juu ya sanduku, uso ukielekea jua. Akatoa kioo kidogo cha duara chenye mpini mrefu, akakipasha juu ya jiko la makaa la jirani ili pumzi isikitie ukungu, akakijaribu nyuma ya mkono wake. Halafu akatoa koleo jembamba lililopinda. "Ninahitaji mtu wa kushika kichwa," alisema.

Aliyekuja kushika alikuwa Germain. Philomène alizitambua hatua zake kabla hajamwona. Viganja vyake vikubwa vilimshika kichwa pande zote mbili, kwa upole, naye akasema tu, "Bonjour, mama."

Daktari alimwambia atoe ulimi, akaushika kwa kitambaa, akauvuta. Danielle alichuchumaa akamshika mkono, na kama mtu anayemliwaza mtoto ili asisikie maumivu, akaanza kumsemesha. "Usiogope. Munganga iko na mikono muzuri. Guy analala pale, iko na homa kidogo lakini itapita. Niambie, ku mutaa kuko namna gani? Nyumba yetu banaivunja? Ao kuko bantu ndani? Kama kuko bantu, ni banani?"

Mdomo wa Philomène ulikuwa wazi, ulimi wake mkononi mwa mtu mwingine, kichwa chake mikononi mwa mwenye nyumba. Machozi yalimtiririka hadi masikioni. Danielle alidhani ni maumivu, akazidi kumpapasa.

Daktari alijaribu mara ya kwanza, Philomène akatapika. Alijaribu tena. Mara ya tatu koleo lilishika, kitu kikatoka kwa kukwaruza, na usaha na damu vikafuata. Daktari alikiinua juani. Kilikuwa kimepinda, cheusi kwa damu, si kirefu kuliko kucha ya kidole gumba.

"Ungechelewa kidogo, kingetoboa hadi kifuani," alisema. "Sina dawa ya kukupa. Mwambie Rosalie wa hospitali akutafutie vidonge vya kuua usaha, popote vitakapokuwa. Sukutua kwa maji ya chumvi."

Danielle alimpa maji, akamfuta mdomo kwa pindo la kitenge chake mwenyewe. Akamngoja avute pumzi. "Haukuniambia. Kuko nani mu nyumba yetu?"

Sauti ilitoka kama mchanga unaoburutwa. "Siye."

"Siye?"

"Siye, Mama Guy. Damas alipewa. Tuko tunalala mu chumba yenu."

Germain aliondoa mikono yake kichwani mwa Philomène. Alikwenda kusimama karibu na godoro alilolala Guy, akawapa mgongo. Daktari alifuta koleo lake taratibu kuliko ilivyohitajika. Danielle alibaki amechuchumaa, ule mkono wa Philomène bado ameushika, kana kwamba hakukumbuka kuuachia.

"Mulango ya jikoni inavimba wakati ya mvua," alisema mwishowe. "Usiisukume na nguvu. Uiinue kidogo, itafunguka." Kisha akauachia mkono. "Sasa enda, mama. Enda ukalale."

Damas alikuwa bado chini ya ukuta wa bohari. "Banaitosha?" Philomène akaitikia kwa kichwa. Walitembea mpaka barabara kubwa. "Banakuuliza juu ya nyumba?"

"Ndiyo."

"Ukajibu nini?"

"Kweli."

Damas alisimama. "Ungenyamaza tu! Weye mugonjwa wa koo, nani angekulaumu?"

Philomène alimpita, akaendelea kutembea. Alikuwa ameanza kutetemeka kwa homa.

Rosalie alivipata vidonge, si vya kutosha, lakini vilimvusha. Philomène alilala muda mrefu akinywa uji mwepesi. Siku aliyoweza kusimama bila kushika ukuta, alipika maharage na bukari katika sufuria kubwa kuliko zote, akaifunga kwa kitambaa, akaibeba kichwani hadi stesheni. Alikuwa amepanga kumwambia Danielle maneno fulani. Njiani aliyapanga na kuyapangua.

Pale penye turubai palikuwa na familia nyingine. Treni ilikuja, mwanamke mmoja alimwambia. Watu walipanda hata juu ya mabehewa. Daktari alikwenda, na wale mume na mke waliolala karibu naye pia.

"Balikuwa na mutoto mugonjwa," Philomène alisema. "Guy. Alipanda naye?"

Mwanamke yule alielekeza kidevu ng'ambo ya reli. "Batoto bagonjwa balikuwa bengi, mama. Bengine balipanda. Bengine balibaki kule."

Philomène alivuka reli. Vichuguu vilikuwa vimeongezeka, vingine vina msalaba wa vijiti, vingi havina kitu, na hakuna hata kimoja chenye jina. Alipita kati yavyo akitazama udongo, kama ungemwambia. Alijaribu kusali kwa sauti lakini sauti haikufika mbali.

Alirudi kwa yule mwanamke, akamfungulia sufuria, watoto wa familia ile wakasogea. Alingoja mpaka walipomaliza, akaibeba ikiwa tupu, akaenda nyumbani.