Ripoti ya Mhakiki wa Pili

Kwa miaka kumi na tisa nimekuwa katibu wa jarida la mambo ya mataifa la chuo chetu hapa Montevideo, na kazi yangu kubwa ni kufuta majina. Makala ikiingia nafuta jina la mwandishi, nafuta chuo chake, nafuta na shukrani kwa mkewe na paka wake, naipa namba, halafu inakwenda kwa wahakiki wawili waisome bila kujua ni ya nani. Mwandishi naye hajui nani kamsoma. Anayejua pande zote mbili ni mimi peke yangu; hata mhariri mkuu, Fabián Techera, hajui mpaka siku ya uamuzi. Ndiyo maana wahakiki hawapangwi kabla sijaitazama orodha. Wasomi wa nchi hii ni wachache, na wote wameshagombana.

Mwaka huu, Wiki ya Utalii, jina tunaloiitia hapa Wiki Takatifu, nilikwenda pwani ya Rocha kwa dada yangu kula samaki na kulala mchana. Fabián akaikuta makala namba arobaini na moja juu ya meza yangu, akaona anisaidie. Ilihusu kisiwa kimoja kidogo cha mpakani ndani ya Mto Uruguay, kisicho na watu, na ramani iliyotumika kukiamulia ni cha nani. Akajiuliza ni nani katika nchi hii anayekijua kisiwa hicho, akapata jibu moja tu: Profesa Milton Arocena, mwalimu wetu sote, miaka sabini na tisa, mwasisi wa jarida lenyewe. Akamtumia aihakiki.

Sasa, aliyeiandika makala hiyo alikuwa ni huyo huyo Profesa Milton Arocena.

Niliporudi Jumatatu nilimkuta Fabián anachekelea. Ripoti ya mhakiki wa pili ilikuwa imerudi kwa siku nne. Kwetu wahakiki huchukua miezi minne, na wawili nawakumbuka waliokufa kabla hawajajibu. Nikatazama namba ya makala, nikatazama jina la mhakiki, nikaketi.

Kwanza nilicheka, nikidhani mzee ametutania. Halafu nikaisoma ripoti, kurasa tatu zilizobanana, na kicheko kikaniishia. Hapakuwa na utani hata kidogo. "Mwandishi huyu ni mvivu," alikuwa ameandika. "Hakurudi kuisoma barua yenyewe. Amenakili maneno yaliyosemwa miaka thelathini iliyopita na mtu aliyejiamini kupita kiasi, na kwenye ukurasa wa tisa hoja yake yote inaanguka." Mtu huyo wa miaka thelathini iliyopita alikuwa yeye pia. Pendekezo: ikataliwe. Na kwenye fomu, pale tunapouliza kama mhakiki anamfahamu mwandishi, ametia alama kwenye Hapana, mstari umenyooka vizuri kabisa.

Nilivunja sheria yangu ya miaka yote nikamwambia Fabián. Alicheka kama mimi, na kicheko kikamwishia kama mimi. Akakumbuka kwamba Oktoba, kwenye karamu ya chuo, Profesa alitoa hotuba ya shukrani mara mbili. Mimi nikakumbuka kwamba kaka yake mkubwa alimaliza miaka yake ya mwisho akiwaita wanawe kwa majina ya mbwa.

Fabián si mtu mbaya, ila ni mtu wa taratibu. Alisema baraza la jarida linakaa Alhamisi, na kama mzee haijui tena kazi ya mkono wake mwenyewe, hawezi kuendelea kuwafundisha vijana darasa la nyaraka. Darasa hilo ndilo lililobaki katika maisha ya Milton Arocena. Anafundisha bila malipo, amevaa tai. Nilimwambia Fabián asimwambie mtu kitu mpaka nimwone mzee kwa macho yangu.

Jumanne asubuhi nilinunua maandazi matamu pale kona nikapanda kwao, mtaa wa Palermo. Mkewe, Bi Elbia, alifungua mlango, akanivuta moja kwa moja jikoni kabla sijasalimia. Alikuwa amekonda. Akaniambia kwa sauti ya chini kwamba tangu Machi mumewe anaongea peke yake. Anaamka, anazunguka sebuleni, anasema mjinga wewe, mjinga mkubwa wewe. Akimuuliza anamtukana nani, anajibu, "Mtu mmoja unamjua."

"Sijawaambia watoto," alisema. "Wewe ndiye wa kwanza kuambiwa, Nélida. Usiniambie kitu kibaya leo."

Nami nilikuwa nimekuja na karatasi tatu mkobani zinazosema hivyo hivyo.

Profesa alikuwa kwenye kiti chake dirishani, mkononi kibuyu cha mate, yale majani machungu tunayokunywa hapa kama chai, chupa ya maji moto kwapani. Alinipa kibuyu ninywe kabla ya neno lolote, kama kawaida. Basi nikaanza kumzunguka. Nikamuuliza, kijuujuu, leo ni tarehe ngapi. Akaniambia. Nikamuuliza mkuu wa kitivo siku hizi ni nani, nimesahau. Akamtaja, na kasoro zake mbili. Nikamuuliza kama anakumbuka mwaka niliokuwa mwanafunzi wake.

"Mwaka uliopata alama sita kwa sababu hukusoma mkataba mpaka mwisho," alisema. "Unanipima, binti?"

"Hapana, Mwalimu."

"Unanipima. Umekuja na maandazi na sura ya daktari wa watoto. Sema."

Nikaona aibu, lakini hofu ilikuwa kubwa kuliko aibu. Nikatoa ile ripoti nikaiweka magotini pake, nikamuuliza kama anajua makala aliyoihakiki ni ya nani.

Aliipitia ukurasa kwa ukurasa. Nilimwona mdomo unacheza, nikajiandaa kumshika mkono. Kumbe mzee alikuwa anazuia aibu yake mwenyewe.

"Ni yangu," alisema. "Nani mwingine angeandika upuuzi ule?"

Sijui nilitoa sauti gani. Nilimwuliza kwa nini basi, kwa nini fomu, kwa nini Hapana. Akaanza kunieleza, polepole, akitazama dirishani, kama mwanafunzi aliyekamatwa na karatasi ya majibu mfukoni.

Aliituma makala Machi. Wiki moja baadaye, akipanga nyaraka zake za zamani, akakuta nakala ya barua iliyoambatana na ile ramani, ambayo maisha yake yote aliisoma haraka haraka, akaona tarehe. Ramani ilichorwa baada ya mkataba wa mpaka, si kabla yake. Miaka thelathini amewafundisha watu kinyume, mimi nikiwemo. Alitaka kuiondoa makala siku ile ile. Lakini jarida letu lina sheria moja ambayo sijaisikia kwingine kokote: mwandishi anayeondoa makala yake lazima aandike barua ya kujieleza, na barua hiyo husomwa kwa sauti mbele ya baraza zima, na kuingizwa kwenye kumbukumbu.

"Aliyeitunga sheria hiyo unamjua," alisema.

Namjua. Aliitunga yeye, enzi za uhariri wake, kuwatia adabu waandishi wenye pupa. Nimemwona akiwasomea barua zao maprofesa wazima, taratibu, akituliza sauti kwenye makosa. Mmoja wao alilia.

"Nikawa sipati usingizi. Halafu bahasha yenu ikaja. Nafungua, makala yangu mwenyewe, naombwa niihakiki. Nilijiambia Mungu yupo, na analisoma jarida letu. Ningetia alama ya Ndiyo mngempa mtu mwingine. Huyo mwingine angeisifu, kwa sababu kila anachokijua kuhusu kisiwa kile nimemfundisha mimi. Ikabidi niiue mwenyewe, kimya kimya."

"Ulidanganya kwenye fomu, Mwalimu."

"Nilidanganya. Lakini ripoti ni ya kweli kila neno. Ni ripoti bora niliyowahi kuandika."

Nilianza kucheka nikashindwa kuacha, nikacheka mpaka machozi, kisha yakawa machozi ya kweli, na sikujali. Tangu Jumatatu nilikuwa nimeshamzika mtu huyu mara kumi. Kumbe mzima, mkaidi, mwongo, na akili zake zote kichwani. Nilifurahi hivi kwamba nilimwambia kila kitu: Fabián, baraza la Alhamisi, darasa la nyaraka, kaka yake. Alisikiliza akazidi kuinamisha kichwa. Hakuwa amewaza kabisa kwamba mtu angemdhania hivyo.

Nilipogeuka, Bi Elbia alikuwa amesimama mlangoni na sinia. Sijui alikuwepo tangu lini. Aliweka sinia chini, akaenda kwenye ndoano ya makoti, akaleta koti la mumewe, akampa. Akamwonyesha bitana, upande wa ndani, karibu na kifua. Palikuwa na kipande cha kitambaa kilichoshonwa kwa mkono, kimeandikwa kwa wino: jina lake, mtaa, ghorofa, namba ya simu.

"Ili ukipotea wakurudishe," alisema.

Profesa alivaa miwani. Alikisoma kile kitambaa mara moja, akakisoma tena, akipitisha kidole juu ya mshono.

"Elbia," alisema, "tunakaa ghorofa ya tatu. Umeandika ya nne."

Bi Elbia aliketi juu ya mkono wa kile kiti, akaweka uso wake kwenye kichwa cha mumewe, mabega yakimtikisika, na nilichelewa kujua kwamba anacheka. Alikishona usiku akilia, alisema baadaye, hata ghorofa ya nyumba yake mwenyewe akaisahau.

Mzee aliomba karatasi. Nilimwambia si lazima. Mimi na Fabián tungeipokea ripoti ya mhakiki wa pili, makala ingekataliwa, mambo yangeisha hapo hapo. Akasema hapana. Akaiandika barua pale pale, ukurasa mmoja, pamoja na ule uongo wa kwenye fomu, akatia sahihi jina lake lote. Akanipa nikaisome mimi, kwa sababu, alisema, yeye angeharakisha penye makosa.

Alhamisi niliisoma mbele ya baraza zima, na yeye ameketi mbele kabisa, na tai yake. Sikuharakisha popote. Sijawahi kusoma aibu ya mtu kwa furaha kama ile.