Hukumu Isiyo na Safu

Miezi mitano nilizunguka na ushindi ndani ya mkoba, umekunjwa pamoja na futi yangu ya kupimia, na hakuna ofisi iliyotaka kunitua mzigo huo.

Mimi hushona majoho. Kibanda changu kinatazamana na lango la mahakama kuu, na nusu ya mawakili wa mji huu nawajua kwa mabega kabla ya sura. Mdogo wangu, ambaye mtaa mzima ulimwita Fundi Redio, alifungwa miaka thelathini kwa ujambazi ambao hakuufanya. Alijitetea peke yake bila wakili, na rufaa zake zote nchini zikagonga mwamba. Akatokea wakili wa kujitolea, akaipeleka kesi Mahakama ya Kanda, ile iliyo nchi nyingine na ambayo serikali yetu yenyewe ilitia saini kuitii. Mdogo wangu alikuwa ametimiza miaka kumi na moja gerezani siku tuliposhinda. Kurasa arobaini na mbili, muhuri wa buluu: asikilizwe upya akiwa na wakili ndani ya miezi sita, la sivyo aachiwe huru.

Siku hiyo hiyo akagawa vitu vyake. Beseni alimpa mzee wa chumba chao, na blanketi akampa mfungwa mgeni aliyekuwa akikohoa. Nilipomuuliza atajifunika nini, alicheka.

"Dada, mtu anayeondoka, blanketi la gerezani la nini?"

Nami nikaenda masjala ya mahakama kuu, dirisha namba tatu. Karani wa pale tunamwita Bwana Safu, kwa sababu hakuna kitu anachokiamini duniani kama safu za daftari lake. Akaigeuzageuza hukumu, akafungua daftari, akashika kalamu.

"Imetoka mahakama gani ya chini?"

"Haikutoka chini. Imetoka juu."

"Juu ya nani?"

"Juu yenu."

Akanitazama kama mtu aliyetukanwa mbele ya wanawe. "Mama, juu yetu kuna mahakama ya rufani. Juu ya rufani kuna dari. Mimi hapa nina safu ya mahakama za chini, na safu ya hukumu za nje ya nchi. Za nje zinakuja na barua ya wizara."

Nikaenda wizarani. Ofisa wa ghorofa ya nne, mama mpole mwenye miwani ya kamba, akasema barua hiyo hawezi kuiandika. "Hii si ya nje, dada yangu. Sisi ni wanachama. Ile mahakama ni yetu," akasema, tena kwa fahari. Nikayarudisha maneno hayo dirisha namba tatu. Bwana Safu akajibu kwamba kama ni yetu, basi iwe na namba ya jalada ya kwetu. Nikarudi ghorofa ya nne, kwa ngazi, maana lifti ilikuwa mbovu. Nenda rudi hiyo ikala mwezi wa kwanza, wa pili, wa tatu. Kilichonikera kuliko vyote ni kwamba hakuna aliyenikatalia. Angenikatalia mtu ningegombana naye nikapoa. Wote walikubali kwamba nimeshinda, wakanipa pole.

Kila Jumamosi nilikwenda kumwona mdogo wangu. Alikuwa akilala kwenye saruji, amejifunika shati, na kifua kikaanza kumbana. Nikataka kumletea blanketi zito la nyumbani, akakataa katakata. Alishawaaga wenzake wote, na kupokea blanketi kungekuwa kukiri kwamba hatoki.

"Zimebaki siku ngapi?" ndilo lilikuwa swali lake kila mara. Nilimtajia idadi, na nilijichukia kila nilipoitaja.

Mwezi wa tano, msajili wa mahakama, bosi wa Bwana Safu, akaja kupimwa joho jipya. Nikamsimamisha mbele ya kioo mikono juu, pini kumi na mbili ubavuni, asiwe na pa kukimbilia. Nikamweleza yote.

"Fundi, ile mahakama tunaiheshimu mno," akasema. "Mwaka jana walituita semina."

"Sijakuuliza heshima, mheshimiwa. Nakuuliza habari za mdogo wangu."

"Tatizo ni bunge. Halijatunga sheria ya kutuelekeza hukumu zao tuzipokeeje."

"Kwa hiyo mlimkaribisha mgeni, na nyumba hamkuiwekea mlango."

Nikasukuma pini moja ndani zaidi kidogo kuliko ilivyohitajika, na sijuti. Mwishowe akasema, "Nitatafuta njia."

Akaitafuta kweli. Baada ya wiki mbili Bwana Safu aliniita dirishani huku anatabasamu, daftari limejaa vizuri. Kwa kuwa hukumu yangu haikuwa na safu, walikuwa wamefungua jalada jipya, kesi mpya, namba mpya. Nikamshika mkono kupitia kwenye dirisha, nikamshukuru hadi machozi yakanitoka. Jalada sikulisoma. Mimi, ninayekagua kila mshono mara mbili, sikulisoma.

Mahakamani, mdogo wangu akasomewa shtaka lile lile la ujambazi. Tarehe ya kukamatwa, kwa mujibu wa jalada, ilikuwa juzi. Wakili wetu akasimama kueleza habari ya miaka kumi na moja. Hakimu akasema yeye anasoma kilicho mbele yake. Wakili wa serikali akasema upelelezi haujakamilika. Shtaka halina dhamana. Kesi ikaahirishwa, na mdogo wangu akapelekwa upande wa mahabusu kama mgeni aliyeingia jana.

Wiki iliyofuata wakili akanionyesha nakala ya barua ambayo serikali iliiandikia Mahakama ya Kanda: hukumu imetekelezwa kikamilifu, tena siku kumi na moja kabla ya muda kuisha.

"Nitawaandikia kupinga," wakili akasema. "Watakaa mwakani."

"Wakitupa hukumu nyingine?"

"Tutaileta kusajiliwa."

"Dirisha namba tatu?"

Akavua miwani, akaifuta kwa tai. "Dirisha namba tatu," akasema.

Jumamosi nikaenda gerezani. Njia nzima nilikuwa natunga jibu, maana nilijua ataniuliza siku zimebaki ngapi na sikuwa tena na idadi ya kumpa. Akaja, akakaa upande wa pili wa wavu, akakohoa, akanisalimu. Hakuniuliza siku.

"Dada," akasema, "niletee blanketi. Lile zito."