Mabao ya Januari

Nassir Chirau alikuwa na daftari la mistari ambalo ndani yake hamkuwa na somo hata moja. Mlikuwa na mabao yake. Kila bao aliloifungia timu ya chuo cha ufundi cha Msambweni msimu huu alilitia humo kwa kalamu nyeusi: tarehe, uwanja, mguu wa kulia au wa kushoto, na jina la kipa aliyeumbuliwa. Yalikuwa kumi na sita, na hakuna mchezaji mwengine katika vyuo vinane vya Ligi ya Kusini aliyefikisha hata kumi. Kwa hesabu hiyo kombe la Mchezaji Bora lilikuwa lake, na mamake, Mwanapili, alikwisha kuondoa vikombe vya harusi yake kwenye rafu ya juu ya kabati la kioo ili lipate pa kukaa.

Shida ya mabao ya Nassir ilikuwa tarehe. Kumi na manne kati yake aliyafunga Januari na mwanzo wa Februari, katika jua la kaskazi lililowafanya hata mbuzi wagombee kivuli cha ukuta wa choo. Nani angekwenda uwanjani saa nane mchana katika jua lile? Siku aliyoifunga Bodo mabao manne peke yake, watazamaji walikuwa saba, na wawili kati yao walikuwa wakipita njia. Ukaja mfungo, ikaja masika, viwanja vikageuka vidimbwi, na ligi iliporudi Juni kila timu ilikuwa imeshamjua. Walimwekea walinzi wawili wawili. Akaambulia bao moja la kubahatisha na moja la penalti.

Na Juni hiyo ndiyo aliyoichagua Mbarak kuzinduka.

Mbarak alikuwa kapteni wa chuo cha uvuvi cha Bodo. Tena alikuwa mtoto wa Hadiya, mdogo wake Mwanapili, na kwa desturi za Pwani mtoto wa mama mdogo ni ndugu, basi. Yeye na Nassir walitahiriwa wiki moja. Karibu msimu mzima Mbarak alikuwa na mabao matatu, na moja katika hayo lilimgonga kisogoni likaingia lenyewe. Lakini katika mchezo uliotangulia wa mwisho akafunga mawili. Na mchezo wa mwisho wenyewe, dhidi ya Msambweni, uwanja wa Ukunda umejaa watu hadi juu ya miembe, akafunga matatu, la tatu kwa tikitaka dakika ya mwisho. Kwa bao hilo Bodo iliipiku Msambweni kwa pointi moja ikachukua ligi. Kufika magharibi, tikitaka ile ilikuwa kwenye kila simu kutoka Likoni hadi Lungalunga.

Wahenga walisema kipya kinyemi, kingawa kidonda. Nassir aliujua msemo huo tangu utotoni, ila hakuwahi kufikiri kwamba yeye ndiye atakayekuwa cha zamani.

Aliporudi nyumbani alimkuta mamake barazani na simu ya jirani mkononi, akiitazama tikitaka kwa mara ya nne au ya tano.

"Umeona, mwanangu? Nduguyo kapaa kama hana mifupa."

"Nilikuwepo, mama."

"Basi mbona umeingia kimya? Sisi leo ni watu wa sherehe."

"Mimi nimefunga kumi na sita, mama."

"Najua, baba. Ila hayo yako sikuyaona hata moja."

Alisema bila ubaya, na pengine ndiyo maana lilimchoma. Nassir aliingia chumbani, akalala chali akaangalia dari. Tuseme wazi, kwa kuwa yeye hakulisema: aliona wivu. Aliuona mpaka chakula kikamshinda. Mbarak alikuwa amefanya kazi siku mbili na kusifiwa mwaka mzima, naye alikuwa amefanya kazi mwaka mzima akaulizwa amefanya nini siku mbili. Angekuwa mtu wa mbali, angemchukia akapoa. Lakini huyu alikula kwao kila Idi, akimwita mamake mama mkubwa, na akicheka meno yote nje. Huyo utamchukia vipi ukapata raha?

Kombe hilo halikuwa pambo tu. Aliyelipata alikwenda Mombasa kujaribiwa na klabu kubwa kwa miezi mitatu, na huu ulikuwa mwaka wa Nassir wa mwisho chuoni. Baada ya hapo ni kuchomelea mageti ya watu.

Waliopiga kura walikuwa makapteni wanane, Nassir akiwa mmoja wao, wiki moja baada ya mchezo wa mwisho. Hakuna aliyeruhusiwa kumtaja mtu wa chuo chake. Kila mmoja aliandika jina la aliyemchagua na mchezo uliomfanya amchague, kisha akasimama akaisoma karatasi yake mwenyewe mbele ya wenzake. Bi Husna, katibu wa ligi, alisema mtu mzima husimama na neno lake. Kura zikilingana, aliyefunga mengi zaidi katika mchezo wa mwisho ndiye mshindi. Nassir aliposoma kifungu hicho cha mwisho alihisi kimeandikwa na Mbarak.

Alihesabu vichwa. Suleiman wa Lungalunga alikuwa wake, na kapteni wa Kinango pia. Wengine walikuwa wameshalewa tikitaka. Kura ya Mbarak hakuitia maanani. Alijua Mbarak ataitupa kwa mtu yeyote ili isimfikie yeye, maana ndivyo yeye alivyokusudia kuifanya yake. Alimpima kwa pishi yake mwenyewe. Aliyebaki wa kuvutwa ni Kavumbi, kijana wa Kitui, huko bara, aliyekuja kusomea upishi kwenye chuo cha hoteli cha Galu, na ambaye timu yake Nassir aliifunga matatu mwezi wa Februari.

Siku ya Jumatano akapanda boda hadi Galu. Alimkuta Kavumbi kwenye banda la chai nje ya lango la wafanyakazi wa hoteli, mbele yake sahani ya mahamri na mbaazi za nazi.

"Kaka! Karibu, kula."

"Ahsante, nimeshiba," alisema Nassir, ambaye tangu alfajiri hakuwa ametia kitu kinywani.

Kwao mtu hali kwa karibu ya kwanza. Unakataa ya kwanza, unakataa ya pili, na ya tatu unanawa mikono huku ukilalamika kwamba umelazimishwa. Ndiyo adabu, na mwenyeji anaijua. Nassir alingoja ya pili. Kavumbi akasema, "Sawa," akaivuta sahani upande wake, akala mahamri yote manne mpaka akapangusa mbaazi kwa kidole. Hapo ndipo Nassir alipopaswa kuelewa ameketi na mtu gani. Njaa ilimshughulisha.

Hakujua aanze vipi. Mtoto wa watu haendi kuomba sifa kama anayeomba chumvi. Alizunguka kwa salamu, kwa habari za masomo, kwa bei ya samaki hotelini, na alipokuwa bado anazunguka, Kavumbi akalisema mwenyewe.

"Jumamosi kura yangu ni yako, kaka. Ile gemu ya Feb ulitumaliza kabisa. Beki wangu mpaka leo anakuota."

Nassir alitamani amkumbatie. Badala yake alifanya alivyofunzwa tangu akiwa na kanzu ya madrasa: aliinamisha macho.

"Ah, mimi si kitu. Ni Mungu tu. Wako wanaostahili kunishinda."

"Kama nani?"

Hapa ndipo mtu humtaja mwenzake, na mwenyeji akaja juu akasema la, hakuna kama wewe. Jina lililokuwa karibu lilikuwa moja, la nduguye. Lilimfika Nassir mpaka kwenye ncha ya ulimi. Akalimeza. Hata kwa adabu, hata kwa mchezo, hakuweza kulitamka jina la Mbarak kwa sifa. Akatafuta mwengine asiye na madhara.

"Alfani wa Mwabungo. Yule ndiye mchezaji hasa."

"Alfani? Yule golikipa?" Kavumbi alikunja uso. Alfani alikuwa amefungwa mabao thelathini na moja. "Unasema kweli?"

"Kweli tupu. Mimi kwake ni mwanafunzi. Mpe yeye."

Kavumbi alitafuna, akafikiri, akamwangalia. "Haya," alisema. "Nimekusikia."

Nassir alirudi Msambweni kwa furaha. Kwake mambo yalikuwa yamekwisha vizuri: yeye amekataa, mwenzake amemsikia, na heshima imekaa mahali pake.

Jumamosi walikutana katika ukumbi mdogo wa shule moja Ukunda. Bi Husna aliweka kombe juu ya meza, akawagawia karatasi, akawaachia dakika tano. Nassir aliandika jina la Alfani ili kura yake isimfikie Mbarak. Alipofika penye mchezo alikwama, kwa kuwa mchezo pekee wa Mwabungo aliouona kwa macho yake ni ule aliomfunga Alfani mwenyewe mara mbili. Akauandika huo huo.

Wakaanza kusimama. Wa kwanza: Mbarak, mchezo wa mwisho. Wa pili: Mbarak, mchezo wa mwisho. Alfani mwenyewe, mpole wa watu: Mbarak, ile tikitaka. Suleiman akasimama, akamtaja Nassir kwa mabao yake kumi na sita. Kapteni wa Kinango akafanya vivyo hivyo. Ikawa tatu kwa mbili.

Akasimama Mbarak. Hakuwa na haraka.

"Nassir Chirau," alisoma. "Mchezo wa Januari, Msambweni. Alitufunga manne. Aliyekuwa akimkaba ni mimi, kwa hivyo nayakumbuka yote."

Akaketi bila kuangalia upande wa nduguye. Tatu kwa tatu. Mtu mwengine angeona haya, au angelainika. Nassir alikasirika. Kumbe mabao hayakutosha, sasa jamaa anamshinda na kwa wema. Hata wema ule aliuonea wivu. Lakini haidhuru, alijiambia, bado Kavumbi, na Kavumbi ni wangu.

Kavumbi alisimama, akakohoa. "Alfani, Mwabungo."

Alfani aligeuka nyuma kuangalia kama yuko Alfani mwengine.

"Mchezo gani?" aliuliza Bi Husna.

"Mchezo hakuna, mwalimu, nisidanganye. Mimi nilitaka kumpa Nassir. Nikamwambia. Yeye mwenyewe akasema apewe Alfani, kwamba kwa Alfani yeye ni mwanafunzi. Mtu fundi hivyo akikwambia kitu, unamheshimu."

Mtu mmoja akacheka kwa pua. Bi Husna alimgeukia Nassir, ambaye ndiye aliyebaki. Karatasi ilikuwa mkononi mwake, na kalamu ilikwisha kurudishwa. Nassir alisimama akasoma jina la Alfani na mchezo wake kwa sauti ambayo Bi Husna alimwomba airudie.

Tatu, tatu, mbili. Kifungu cha mwisho kikasomwa. Katika mchezo wa mwisho Mbarak alifunga matatu, Nassir sufuri. Kombe likachukuliwa na aliyefunga lililokumbukwa.

Mlangoni Kavumbi alimshika mkono Nassir kwa mikono yake miwili. "Kaka, wewe una roho safi. Watu kama nyinyi huko kwetu hawako."

Nassir akasema ahsante. Angesema nini?

Jioni ile Mbarak alifika Msambweni na kombe ndani ya mfuko wa plastiki. "Shikamoo, mama mkubwa."

"Marahaba, mwanangu. Hongera, Mungu akuzidishie."

"Nimelileta kwako. Kule kwetu hakuna kabati, tena wale watoto wa dada watalifanya kata ya kuogea. Jumatatu naenda Mombasa. Niwekee hapa niondoke na amani."

Mwanapili alilifuta kombe kwa pembe ya leso, akamwita Nassir. "Hebu lipokee, wewe ndiye mrefu. Pale juu, nilipopasafisha."

Nassir alilipokea, akalipandisha kwenye rafu. Lilienea kama lililopimwa. Mamake alirudi hatua mbili akalitazama, akasema kombe si limekuja nyumbani, kama alivyosema tangu mwanzo? Kisha akaenda jikoni kuwatilia chai.

Wakabaki wawili. Mbarak hakuuliza neno juu ya kura. Alikaa kwenye mkeka, akavua viatu, akajinyoosha.

"Nataka unisaidie jambo," alisema. "Lile bao lako la tatu, la Januari. Uliusimamisha mpira, ukanizunguka, mimi nikaanguka mwenyewe. Nimelijaribu mwezi mzima silipati. Nieleze ulianza na mguu gani, niende nalo Mombasa."

Katika watu wote wa pwani ya kusini, huyu alikuwa wa pekee aliyelikumbuka. Lilikuwa daftarini, ukurasa wa pili, mstari wa saba, na daftari lilikuwa chini ya godoro, hatua sita kutoka walipoketi. Nassir aliyajua hata bila kulifungua: kushoto, kisha kisigino, kisha kulia.

"Silikumbuki," alisema Nassir. "Siku nyingi hizo."