Taji la Harz

Mzee Eliudi alikuwa mtu wa Machame, miteremkoni mwa Kilimanjaro, na mtu wa Machame humwambii kitu kuhusu milima. Binti yake Jacqueline alipomwamsha kabla ya alfajiri pale Bowie, Marekani, waende kuona majani ya vuli kwenye safu ya Blue Ridge, alikubali shingo upande. Moyo wake haukuwa kwenye majani. Jumapili, kwenye ibada ya Kiswahili, ilitangazwa kwamba Phineas wa Springfield, ambaye figo zimemchosha, anarudi nyumbani moja kwa moja wiki hii. Watu walijipanga kumpa mkono. Eliudi alitoka kwa mlango wa nyuma.

"Baba, si mlitahiriwa pamoja?" Jacqueline alimuuliza njiani. "Mlikosana nini?"

"Mambo ya Harz hayo," alisema, akageukia dirisha.

Harz ni safu ya milima ya Ujerumani. Ujanani mwao, wakiwa chanda na pete, wote wawili walipelekwa huko kusomea uchimbaji madini. Walipoiona mara ya kwanza walicheka hadi wakashika mbavu. Brocken, kilele kirefu kuliko vyote, kilikuwa chini kuliko mashamba ya kahawa ya kwao! "Hiki nacho wanakiita mlima," Phineas alisema. "Kwetu tungekipanda migomba."

Lakini Harz haikuwa na haraka nao. Iliinuka ghafla kutoka kwenye uwanda, nyeusi kwa misonobari, na ndani ya msitu mlikuwa na mawe makubwa kama nyumba, yamepandana bila fundi. Kulikuwa na vinamasi vilivyomeza buti, vijito vyenye maji ya rangi ya chai, na chini ya hayo yote mashimo ya fedha yaliyochimbwa na watu waliokufa zamani mno. Theluji iliweza kulala hadi mwezi wa tano. Ukungu uliingia bila hodi. Brocken yenyewe hawakuruhusiwa kuikanyaga, maana mpaka wa Ujerumani mbili ulikata katikati ya msitu; waliitazama tu kutoka kilele cha jirani, Wurmberg. Kidogo kidogo waliacha kucheka.

Asubuhi moja juu ya Wurmberg, jua likiwa mgongoni na bonde limejaa ukungu, Eliudi aliona jitu limesimama juu ya ukungu ule. Kichwa chake kilizungukwa na duara la rangi zote za upinde wa mvua. Aliinua mkono, nalo likainua. Kumbe ni kivuli chake! Cha Phineas kilikuwa kando, cheusi, hakina kitu. Mtoto wa mzee wa kanisa angeelewaje, kama si kwamba Mungu amemchagua?

"Umeona taji langu?" Phineas alinong'ona.

"Lako? Ni langu mimi. Wewe huna."

"Eliudi, usinitanie mbele za Mungu. Asiye nalo ni wewe."

Neno likazaa neno, kila mmoja akamwita mwenzake mwongo, na ukungu ulipoondoka uliondoka na urafiki. Hawakumuuliza mtu, waliona jambo takatifu halipelekwi darasani. Milima haikutani, binadamu hukutana: uzeeni waliwafuata watoto wao Marekani, wakajikuta kanisa moja, mmoja akikaa kulia na mwingine kushoto.

Jacqueline aliegesha gari kwenye ukingo wa mlima. Chini yao bonde zima la Shenandoah lilikuwa limefunikwa na ukungu mweupe, na jua lilikuwa likichomoza nyuma yao.

"Oh my God, Baba! Tazama!"

Jitu lilikuwa pale. Na taji lilikuwa pale, kichwani mwake, vilevile. Machozi yalimtoka. Alianza kumshukuru Mungu kwa sauti, kwamba hakuwa ameota, hakuwa amedanganya.

"Baba, mbona mimi nina rainbow na wewe huna?"

Alitaka kumkemea. Akamtazama usoni: mdomo wazi, macho yamejaa maji. Hakuna aliyewahi kumsimulia habari za taji. Adanganye ili iweje?

"Hebu rudia."

"Kichwa changu kina rangi. Chako cheusi tu. Kwani wewe unaonaje?"

Eliudi aliogopa, woga wa mtu aliyesikia Mungu akipita karibu. Kumbe kila mtu alikuwa na taji, na kila mtu alipewa macho ya kuona la kwake tu. Alikaa juu ya ukuta wa mawe.

"Nilimwita mwongo," alisema. "Phineas, jamani. Nipeleke Springfield. Lakini kwanza nitafutie isale."

Uchagani, anayeomba msamaha hupeleka jani la isale, na anayepelekewa hana ruhusa kulikataa. Jacqueline aliujua mmea huo. Wamarekani huutumia kupamba ofisi. Waliupata duka moja la Fairfax, lakini kwa kuwa hawauzi jani, ikabidi Eliudi aondoke na chungu kizima.

Phineas alifungua mlango mwenyewe, amekonda, ameshika fimbo. Alikitazama chungu.

"Mti mzima?"

"Kosa lenyewe si la jani moja."

Eliudi alikitua, akachuma jani, akalifunga fundo, akalinyoosha kwa mikono miwili. Phineas hakulipokea.

"Lile taji," alisema taratibu. "Nilikuwa nalo, au sikuwa nalo?"

"Ulikuwa nalo. Ni mimi sikupewa kuliona."

Phineas alilipokea jani. Kisha akaufungua mlango wote, maana chungu kilikuwa hakipiti.