Vita vya Madirisha

Kabla hakujapambazuka, kifuniko cha birika kiligongagonga jikoni, na Hester akaamka na hasira zake zote. Nani amegusa birika lake?

Alijua ni nani. Mwaka mzima hajasemezana na mdogo wake, Rosalind, tangu huyo mdogo aliposema mazikoni, mbele ya kasisi, kwamba mama yao aliuawa na baridi ya jumba hili huku Hester akitazama tu. Sasa amekuja kulala siku mbili kumkumbuka mama, na hata salamu hakutoa.

Jana Hester alifungua madirisha yote ya sebuleni, katika baridi hii ya Machi, ili ionekane hapa hapana baridi. Rosalind akayafunga. Hester akayafungua. Jioni Hester alipiga upatu wa kuwaita watu mezani kwa nguvu kuliko haja, na Lionel, mume wa Rosalind, aliyebeba bakuli la supu huku amevaa koti, akaruka na kujimwagia miguuni.

“Samahani, shemeji,” alisema Lionel, kana kwamba kosa ni lake.

Mbwa mzee, Barnaby, alijikokota kwa nyonga zake mbovu akairamba supu.

Hester alishuka jikoni akiwa tayari kwa maneno. Rosalind alikuwa amepiga magoti, akijaza maji moto chupa ya mpira ya kupashia joto kitandani. Aliifunga kwa sweta kuukuu ya mama, akaisogeza taratibu chini ya nyonga za Barnaby.

“Chupa hiyo umeitoa wapi?”

“Droo ya mama. Zimejaa humo, zimechakaa zote.”

“Kila usiku nilimjazia. Kila usiku, Rosalind. Na wewe ukanivua nguo mbele ya kasisi.”

“Ningejuaje? Hukuniambia.”

“Hukuuliza.”

Rosalind alimpapasa mbwa masikio. “Nilisema vibaya, dada. Lakini nyumba yako ni baridi.”

“Ilikuwa baridi hata mama alipoingia bi harusi.”

Hasira haikumtoka. Alikunywa nayo chai. Lakini wageni walipowasha gari waondoke, Hester alitoka na kandambili zake, akagonga kioo upande wa Rosalind. Kikabaki kimefungwa. Akagonga tena. Rosalind akakishusha kidogo.

“Kishushe chote,” alisema Hester, bado amekunja uso. “Njooni tena Pasaka. Na huyo mumeo mletee suruali ya pili.”