Mbrazili Asiyepiga Chenga

Valdenor alikuwa na kosa moja kubwa katika maisha yake ya mpira, na wala hakulitenda yeye: alizaliwa Brazili. Angezaliwa Kigoma au Kisumu, watu wangemwona kama alivyo, kiungo mkabaji, namba sita wa kazi, mtu wa kunyang'anya mpira na kumpa aliye karibu. Lakini dunia nzima imeshakubaliana kwamba Mbrazili ni mtu wa chenga, na ukishakuwa na pasipoti ile mfukoni huna tena ruhusa ya kucheza mpira wa kawaida.

Kwao Imperatriz, katika jimbo la Maranhão, kila mtu ni Mbrazili, kwa hiyo hakuna aliyejali, na alicheza sita yake kwa amani. Tabu ilikuwa njaa. Timu ndogo za huko humsajili mtu kwa miezi minne tu. Ligi ya jimbo ikiisha kila mmoja anashika njia yake. Miezi minane iliyobaki Valdenor alimbebea mjomba wake matofali. Alipofika miaka ishirini na miwili akatokea wakala, akamwambia kuna klabu Malta inatafuta Mbrazili. Asubuhi ya majaribio wakala akamnong'oneza: piga danadana, piga tobo, mpige mtu kanzu moja, mpira umpite juu ya kichwa, halafu tulia. Michezo hiyo mitatu Valdenor aliijua, kama anavyoijua kila mtoto wa mtaani kwao. Akaifanya yote mbele ya wazee wenye suti, wakamsajili jioni ile ile. Msimu ulipoanza wakampa jezi namba kumi, ya fundi wa mbele, na ilipofika Krismasi alikuwa anasugua benchi.

Ikawa ndiyo maisha. Vietnam, danadana, namba kumi, benchi. Oman, tobo, namba kumi, tiketi ya kurudi kwao. Mwishowe akaangukia Tanzania, kwenye timu ya kiwanda kimoja cha sukari katika bonde la Kilombero, ambako siku ya kwanza walimpokea kwa ngoma na siku ya sitini magazeti yakamwita galasa, mchezaji wa hasara. Ni huko alikopasuliwa nyusi na kiwiko cha beki, akapelekwa zahanati ya kiwanda, akashonwa na nesi mmoja mrefu aitwaye Imaculata, ambaye alikuwa akihudhuria mechi zote na alikuwa na maoni. Alimshona huku akimwambia kwamba yeye si galasa hata kidogo, ila anachezeshwa mahali pa watu wengine. Valdenor hakuelewa nusu ya maneno, lakini alirudi zahanati kesho yake akisingizia nyusi. Klabu ilipomtema hakuondoka. Alikaa miaka minne bondeni, akicheza ligi za chini, akajifunza Kiswahili kwenye kantini ya kiwanda mpaka akawa anagombana na kuomba msamaha kwa lugha hiyo.

Sasa alikuwa na miaka thelathini na mitano na aliishi Fridley, kaskazini mwa Minneapolis, kwa sababu Imaculata alikuwa amekuja kusomea unesi wa juu na yeye akamfuata pamoja na mtoto wao Lukas. Imaculata alifanya kazi katika nyumba ya kutunzia wazee. Valdenor alifunga vipuri kwenye maboksi katika kiwanda kilicho dakika kumi kutoka nyumbani. Jumapili, baada ya ibada, alichezea timu ya kanisa la Wakongo wa Frogtown, katika mji wa jirani, na kwa muda mrefu alijidanganya kwamba hiyo inatosha.

Haikutosha. Mwezi wa pili klabu moja ya kulipwa ya daraja la chini ikatangaza majaribio ya wazi, siku moja tu, nafasi tatu. Wiki hiyo hiyo msimamizi wake kiwandani akamwambia amependekezwa kuwa kiongozi wa zamu, na jibu linahitajika Jumatatu, siku mbili baada ya majaribio. Kiongozi wa zamu hufanya kazi kila Jumamosi, na Jumamosi ndiyo siku ya mechi za kulipwa. Maana yake ilikuwa wazi: akikubali, anatundika daluga, na safari hii kweli. Valdenor hakuwa na ndoto ya utajiri. Alitaka msimu mmoja, mmoja tu, wa kulipwa akicheza sita, kabla magoti hayajamkatalia.

Alimweleza Imaculata akitegemea kubembelezwa au kuzuiwa. Hakupata hata kimoja.

"Nenda, Baba Lukas," Imaculata alisema. "Lakini kama unaenda kupiga kanzu, heri ulale. Klabu kumi na moja zimemsajili Mbrazili. Wewe hakuna iliyowahi kukusajili."

Maneno hayo yalimchoma. Alisimama akaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa vimeshaoshwa, akivigonganisha kwa makusudi ili asikike, na Imaculata akamwacha agonganishe. Alikasirika kwa sababu ilikuwa kweli, na kwa sababu miaka kumi na mitatu ni mingi kuipoteza ukijifanya mtu mwingine. Alipomaliza sahani ya mwisho alikuwa amekata shauri. Angeenda kama sita. Wakimkataa, watakuwa wamemkataa yeye mwenyewe, na hilo nalo lingekuwa jambo jipya.

Tatizo la kwanza lilikuwa Birindwa. Huyu alikuwa mzee wa Bukavu, meneja wa timu ya kanisa, mtu mwenye roho nzuri na mdomo usiofungika. Alipopata habari alikuja Fridley na gari lake lililojaa viti vya kanisa, akatangaza kwamba kila kitu kimeshapangwa.

"Mi nitamwambia ule coach tuko na Brésilien," alisema. "Atakuingiza bila hata kukuangalia, ndugu yangu."

"Ndicho ninachokiogopa, papa," Valdenor akamjibu. "Ukimwambia, siendi."

Birindwa alimkodolea macho kama mtu aliyeona mwenzake anatupa chakula. Aliuliza kuna ubaya gani wa kutumia kile Mungu alichokupa. Valdenor akamweleza yote, kuanzia Malta, na ilichukua vikombe viwili vya chai. Mwishowe mzee aliapa kunyamaza, lakini akasisitiza kuja kutazama, kwa kuwa kutazama hakujakatazwa.

Majaribio yalifanyika ndani ya hema kubwa la kupulizwa upepo, maana nje theluji ilikuwa inafika magotini. Walikuja wachezaji sitini na wawili. Fomu iliuliza jina, umri, nafasi, na klabu ya mwisho, nchi haikuuliza. Valdenor aliandika thelathini na mitano bila kupunguza hata mwezi mmoja, akaandika sita, akaandika ile timu ya bonde la Kilombero, kwa sababu ndiyo ya mwisho iliyowahi kumlipa. Wakampa fulana namba arobaini na moja. Alipotazama kulia na kushoto aliona vijana wa vyuo wakirukaruka, wengine walikuwa watoto wachanga alipoanza kulipwa.

Kwa bahati walipangwa pamoja watu wanaofahamiana. Golini alisimama Zachariah, Mkenya wa Brooklyn Park mwenye mikono mirefu. Mbele yake beki wa kati alikuwa Sosthène, na pembeni Ntwali, wote wawili Wakongo wa timu ya kanisa. Waliobaki walikuwa vijana wa Kimarekani. Kipenga kilipolia, Kiingereza cha Valdenor, ambacho hata kiwandani hakikuwa kingi, kilimtoroka chote. Kireno hakikuwa na wa kukisikia. Kilichobaki mdomoni kilikuwa Kiswahili cha kantini, na alikitumia bila huruma.

Baki. Geuka. Una mtu nyuma. Sosthène, panda, Ntwali, rudi, rudi, nani kakwambia umechoka. Alikaa mbele ya mabeki akasogea hatua mbili huku, tatu kule, akiwahi mahali ambapo mpira ulikuwa haujafika bado. Ulipofika alikuwa ameshasimama. Alinyang'anya, akatoa. Alinyang'anya tena, akatoa. Vijana wa Kimarekani hawakuelewa neno hata moja, lakini baada ya dakika kumi walikuwa wakifuata mkono wake. Ntwali, mwenye miaka ishirini na sifa zake mguuni, alimwambia mkubwa unaongea sana. Valdenor akamwambia acheze, kuongea amwachie yeye.

Katika mechi ya kwanza halikuingia goli, wala ya pili. Hakuna aliyempigia makofi. Kando ya uwanja makocha walikuwa wakiandika kila Ntwali alipompita mtu, na kila mara kalamu zilipoinama Valdenor alihisi wivu, akauona, akaumeza. Birindwa alikaa kwenye benchi la watazamaji na kiganja mdomoni.

Dakika za mwisho ukaja mtihani wenyewe. Mpira mrefu ulipigwa kutoka upande wa pili, ukadunda mbele ya Valdenor, na kijana mmoja mnene wa mabega akaja mbio kichwa chini. Kocha mkuu, Martin, alikuwa amesimama mita tano kutoka pale. Ilikuwa kanzu ya wazi. Mguu wa Valdenor ulishajikunja wenyewe, ukiinua kidole, kwa mazoea ya miaka yote ile ya kujiuza. Uwanja mzima ungepiga kelele. Jioni wangemwita.

Akaugeuza wayo, akampa Ntwali mpira, mita mbili, chini, na kijana yule wa mabega akampita na upepo wake.

Hakuna aliyeona kitu. Birindwa aliinamisha kichwa kwa uchungu. Valdenor aliendelea kukimbia na moyo ukimdunda, na katika dakika zile chache alijiona mpumbavu kuliko wote sitini na wawili: mtu wa miaka thelathini na mitano aliyeletewa mkate mezani akaurudisha jikoni. Lakini hakujuta. Alishangaa kuona kwamba hajuti. Kipenga cha mwisho kilipolia alikuwa bado anampigia Sosthène kelele apande.

Waliambiwa wasubiri. Walikaa kwenye nyasi bandia zaidi ya nusu saa, jasho likiwakaukia, kisha Martin akaja na karatasi akasoma namba tatu. Kumi na saba, mshambuliaji wa chuo kimoja. Ishirini na tisa, ambayo ilikuwa ya Ntwali. Sosthène akamrukia shingoni. Arobaini na moja. Valdenor alitazama kifua chake kuhakikisha, halafu akatazama tena.

Aliitwa kwenye meza iliyowekwa pembeni, ambako karani wa klabu, mama wa Kikenya aitwaye Philister, alikuwa akijaza fomu za usajili na kumtafsiria yeyote anayehitaji. Martin alikuwa mtu wa maneno machache. Alisema kwamba katika mechi mbili alizocheza arobaini na moja, washambuliaji wa upande wa pili hawakupata kugeuka katikati hata mara moja, na kwamba hiyo ndiyo kazi aliyokuwa akiitafutia mtu tangu msimu uliopita. Mkataba ni wa mwaka mmoja. Philister alitafsiri, na Valdenor akaitikia kwa kichwa. Martin akahamia upande wa pili wa meza kuzungumza na Ntwali.

Philister akaomba kitambulisho. Alikifungua, akaanza kunakili, kalamu ikasimama.

"Ati wewe ni Mbrazili?" alisema. "Na mimi nishaandika Congo hapa, juu ya vile nimekusikia ukiongea na hao wenzako siku mzima."

Kabla Valdenor hajajibu alikuwa ameshamgeukia kocha na kumwambia kwa Kiingereza, kwa sauti ya mtu aliyeokota kitu cha thamani, na neno Brazili Valdenor alilisikia vizuri. Watu wawili wa meza ya jirani waliinua vichwa. Martin naye akageuka, akamtazama kuanzia viatu hadi nywele zilizoanza mvi.

Mtazamo ule Valdenor aliufahamu. Aliwahi kuuona Malta, Vietnam, Oman, na kwenye kituo cha treni cha Kilombero siku ya ngoma. Ulifuatwa kila mara na tabasamu, na tabasamu likafuatwa na jezi namba kumi. Alifikiri: wamejua, basi tena. Akajiandaa kukataa, kwa kweli alijiandaa kuiacha fomu pale mezani na kwenda kuongoza zamu ya Jumamosi, maana hakuwa tayari kusajiliwa vile tena hata kama ndiyo mara ya mwisho duniani.

Martin aliuliza kitu kifupi.

"Anauliza kama hiyo inabadilisha kitu," Philister akatafsiri. "Anauliza bado utacheza sita? Kwa sababu kumi ako nao wawili."

"Mwambie nacheza sita," Valdenor alisema.

Philister akamwambia. Martin akasema sawa, afike Jumatatu saa tatu asubuhi, akarudi kuzungumza na Ntwali kuhusu tarehe za mazoezi. Yakaishia hapo. Valdenor alibaki amesimama mbele ya meza, machozi yakimtoka waziwazi mbele ya watu asiowajua. Philister alimsogezea karatasi ya kujifutia, akampa pole na kumwambia mkataba si mkubwa kivile wa kumliza mtu mzima. Alifuta uso, akauliza asaini wapi, akaandika jina lake lote, herufi moja moja, bila haraka.